Je, Wajua? Shule Ambako Asubuhi Haina Jua

Sisi tunaotaja saa kwa Kiswahili, hesabu yetu inaanzia kwenye jua. Linachomoza saa kumi na mbili, na saa moja baadaye tunasema saa moja asubuhi: siku imeanza, wanafunzi wako njiani na madaftari yao. Sasa mfuate mwanafunzi wa Barrow High School, shule ya sekondari ya umma katika mji wa Utqiaġvik, kaskazini kabisa mwa jimbo la Alaska nchini Marekani. Ni mwezi Desemba. Anaamka, anavaa koti zito, anakwenda shule, anasoma hesabu na historia, anakula chakula cha mchana, anarudi nyumbani, na siku nzima jua hakuliona. Halikujificha nyuma ya mawingu. Halikuchomoza.

Shule za ncha ile ya dunia zina mambo mengi ya kustaajabisha, na baridi wala si kubwa kuliko yote. Kubwa ni jinsi jamii ndogo ilivyoing'ang'ania shule mpaka ikawa yake. Twende pamoja.

Je, wajua kwamba mwaka wa masomo una usiku wa siku 65 hivi?

Utqiaġvik uko nyuzi 71 kaskazini mwa ikweta, kilomita zaidi ya 500 ndani ya Mzingo wa Aktiki. Jua huzama karibu tarehe 18 Novemba na halionekani tena mpaka tarehe 22 au 23 Januari. Adhuhuri huja mwanga hafifu wa rangi ya samawati, kama ule wa alfajiri kwetu, ukakaa saa chache na kuondoka. Kiangazi mambo hugeuka: kuanzia karibu tarehe 10 Mei hadi mwanzoni mwa Agosti jua halizami hata kidogo. Katikati ya Mei unaweza kusoma kitabu nje usiku wa manane bila taa.

Je, wajua kwamba hakuna barabara ya kufika huko?

Sensa ya mwaka 2020 iliukuta mji huu na watu 4,927. Ndio mji ulio kaskazini kuliko yote Marekani, na hakuna barabara inayouunganisha na mji mwingine wowote. Watu husafiri kwa ndege. Mizigo mizito huletwa na matishari katika majuma machache ya kiangazi, barafu inapofungua njia.

Wilaya inayoendesha shule hiyo inaitwa North Slope Borough. Ukijumlisha nchi kavu na maji yake, inaipita Uganda kidogo kwa ukubwa. Lakini katika eneo lote hilo sensa ya 2020 ilihesabu watu 11,000 na ushei tu, na makao ya kudumu ni manane: Utqiaġvik na vijiji saba.

Je, wajua kwamba mabomba ya maji hayawezi kufukiwa ovyo ardhini?

Udongo wa huko umeganda tangu zama za kale, na mgando huo unashuka hadi mita 400 hivi. Juu tu, kina kifupi, huyeyuka wakati wa kiangazi na kuwa tope. Ukijenga nyumba moja kwa moja juu ya ardhi, joto la nyumba litayeyusha barafu iliyo chini na jengo litazama upande mmoja. Ndiyo maana majengo husimama juu ya nguzo, upepo ukipita chini yake.

Na maji? Bomba likifukiwa tu litaganda na kupasuka. Kwa hiyo katika miaka ya 1980 ulichimbwa mtaro mkubwa chini ya mji, wenye kuta na paa na unaotiwa joto, ambamo mabomba ya maji safi na ya maji taka hupita pamoja. Mwanafunzi anapofungua bomba la shule na kunawa mikono, maji hayo yamesafiri ndani ya udongo ulioganda bila kuganda.

Je, wajua kwamba zamani sekondari ilimaanisha kumwacha mama?

Wenyeji wa pwani hii ni Wainupiaq. Kwa miaka mingi serikali iliwawekea shule za msingi tu. Mtoto aliyetaka kuendelea na masomo alipelekwa bweni la mbali. Wengi walikwenda Mount Edgecumbe, shule iliyofunguliwa mwaka 1947 mjini Sitka, katika majengo yaliyoachwa na jeshi la majini baada ya vita. Kutoka Utqiaġvik hadi Sitka ni takriban kilomita 1,900 kwa mstari wa moja kwa moja. Ni kama mtoto wa Nairobi apelekwe sekondari Lusaka. Wengine walipelekwa mbali zaidi, Chemawa katika jimbo la Oregon.

Katika shule nyingi za enzi hiyo, aliyenena lugha ya nyumbani aliadhibiwa. Msomaji wa Afrika Mashariki hahitaji kuelezwa jambo hili kwa kirefu. Wapo wazee wetu waliovishwa kibao shingoni kwa kosa la kusema lugha ya mama zao. Mtoto wa Kiinupiaq aliondoka akiwa na miaka 13 au 14, umri ule ule ambao angefundishwa kusoma barafu, kushona ngozi na kumfuata sili. Aliporudi alikuwa na cheti, lakini baba yake alikuwa na mengi ya kumfundisha ambayo muda wake ulikuwa umepita.

Je, wajua kwamba kesi ya msichana mmoja ilileta shule katika vijiji 126?

Mwaka 1972 vijana wa vijiji vya Alaska waliishtaki serikali ya jimbo. Walisema si haki watoto wa mijini wasome nyumbani huku wao wakilazimika kuhama ili wapate elimu hiyo hiyo. Aliyetajwa kwanza katika orodha ya walalamikaji alikuwa Molly Hootch, msichana wa Kiyupik kutoka kijiji cha Emmonak, magharibi mwa jimbo. Kesi ikapewa jina lake, na mpaka leo huko Alaska kesi hiyo inaitwa hivyo.

Mwaka 1976 jimbo lilikubali kumaliza shauri kwa maafikiano: vijiji 126 vingepewa elimu ya sekondari papo hapo vilipo, hata kama wanafunzi ni wachache wa kuhesabika kwa vidole. Kwa miaka mingi mtoto alikuwa ndiye anayeifuata shule. Sasa shule ikamfuata mtoto.

Je, wajua kwamba kijana aliyezuiwa kwenda sekondari ndiye aliyekuja kuzijenga?

Eben Hopson alizaliwa mwaka 1922 katika mji huu, wakati huo ukiitwa Barrow. Akiwa kijana aliongoza wanafunzi wenzake kugoma, na kwa sababu hiyo akanyimwa nafasi ya kupanda meli iliyowapeleka wengine kwenye masomo ya juu. Hakukaa na kinyongo akakunja mikono. Mafuta yalipogunduliwa Prudhoe Bay, kwenye pwani hiyo hiyo, mwaka 1968, yeye na wenzake waliona mapema kwamba utajiri ungepita mbele ya milango yao ukaelekea kusini. Wakapigania kuwa na serikali yao ya wilaya, yenye haki ya kutoza kodi mitambo ya mafuta. North Slope Borough ikaanzishwa mwaka 1972, na Hopson akawa meya wake wa kwanza.

Kodi hiyo ndiyo iliyojenga shule, zahanati na mitambo ya maji katika vijiji vyote. Leo shule ya kati ya Utqiaġvik, ambayo watoto huipitia kabla ya kuingia Barrow High School, inaitwa Eben Hopson Middle School. Yule aliyezuiwa mlangoni, jina lake sasa limeandikwa juu ya mlango.

Je, wajua kwamba wanafunzi tisa walibuni tarakimu zao wenyewe?

Hapa naomba msomaji akae kidogo.

Mashariki mwa wilaya hiyo hiyo, kwenye kisiwa kinachoitwa Barter, kuna kijiji cha Kaktovik chenye watu wasiofika 300. Kina shule moja ya umma, Harold Kaveolook School, inayomchukua mtoto tangu chekechea hadi kumaliza sekondari. Mwaka 1994, katika somo la hesabu la mwalimu William Bartley, wanafunzi tisa wa ngazi ya kati waligundua kasoro. Lugha yao huhesabu kwa ishirini, lakini tarakimu za darasani huhesabu kwa kumi. Walipojaribu kuandika hesabu za Kiinupiaq kwa tarakimu za kawaida, vitu havikukaa sawa.

Kwa nini ishirini? Kwa sababu ya mwili wa binadamu. Neno la tano, *tallimat*, linatokana na mkono. Kumi, *qulit*, ni sehemu ya juu ya mwili, vidole vya mikono yote miwili. Kumi na tano, *akimiaq*, hubeba maana ya kuvuka upande wa pili, yaani umeshahamia kwenye miguu. Na ishirini, *iñuiññaq*, ni mtu mzima, vidole vyote vya mikono na miguu vikiwa vimekwisha. Ukifika ishirini umemhesabu mtu.

Sisi wenyewe tuna historia ya namna hiyo katika maneno yetu. Sita, saba na tisa zilitujia kutoka Kiarabu pamoja na ishirini na thelathini, na neno *kenda* likabaki kwa wazee na washairi. Kwa hiyo tunaelewa kwamba namba nazo zina kwao.

Wale wanafunzi wakakaa na kujiwekea masharti. Alama ziwe rahisi kukumbukwa. Ziandikwe upesi, bila kuinua kalamu kila mara. Zisifanane na zile za kawaida, watu wasichanganyikiwe. Na umbo la alama lionyeshe thamani yake. Wakapata mtindo huu: kila mstari wa chini, unaopanda na kushuka, ni moja, kila mstari wa juu, uliolala, ni tano. Sita ni mstari mmoja juu na mmoja chini. Saba ni mmoja juu na miwili chini.

Sasa jumlisha sita na saba. Kusanya mistari ya juu: miwili. Kusanya ya chini: mitatu. Andika alama yenye miwili juu na mitatu chini. Hiyo ndiyo kumi na tatu, na umeipata kwa macho kabla hujakariri jedwali lolote. Kutoa ni kuondoa mistari. Hata kugawanya, ambako huwatoa jasho watoto wa kila nchi, kunaweza kufanyika kwa kutafuta umbo dogo ndani ya umbo kubwa.

Mwaka 2024 kwa mtindo huo unahitaji alama tatu tu: tano, moja, nne. Yaani mia nne mara tano, ishirini mara moja, na nne juu yake. Piga hesabu mwenyewe uone.

Ikabaki sifuri. Lugha yao haikuwa na neno la sifuri, nasi pia tuliliazima letu kutoka Kiarabu. Wanafunzi wakaamua kwamba alama ya sifuri ifanane na mikono iliyopishanishwa, kama mtu anayekuonyesha kwamba hakuna cha kuhesabu.

Kisha wakaingia karakana ya shule na kutengeneza abaki, kifaa cha kuhesabia kwa shanga, kilichopangwa kwa ishirini. Tarakimu hizo zikasambaa hadi Utqiaġvik na vijiji vingine. Alama za hesabu katika mitihani ya wanafunzi waliofundishwa kwa njia hiyo, ambazo kabla yake zilikuwa chini sana, zikapanda hadi kupita wastani wa taifa. Mwaka 1998 baraza la Wainuit (jamii pana ambamo Wainupiaq nao wamo) wa nchi mbalimbali, ambalo Eben Hopson ndiye aliyeliasisi mwaka 1977, liliunga mkono matumizi ya tarakimu hizo. Watoto tisa wa kijiji kisicho na barabara walikuwa wameongeza kitu kwenye elimu ya dunia.

Je, wajua kwamba kumfuata nyangumi si utoro?

Timu za Barrow High School huitwa Whalers, yaani wawindaji wa nyangumi, na jina hilo si pambo. Kila Aprili na Mei, barafu ya baharini inapopasuka na kufungua mkondo, nyangumi wakubwa ambao Wainupiaq huwaita *aġviq* hupita kuelekea mashariki. Familia hupiga kambi juu ya barafu na mashua ziitwazo *umiaq*, ambazo ubavu wake ni ngozi za sili zilizoshonwa na wanawake kwa mshono usiopitisha maji. Wanafunzi huruhusiwa kukosa masomo kwa ajili ya kazi hii, nayo huandikwa kama udhuru halali.

Kijana kambini hujifunza kunyamaza, kuchemsha chai kwa ajili ya wakubwa, kutazama upepo na kujua barafu ipi ni ya kukanyagwa. Nyangumi akipatikana, watu kwa makumi hushika kamba kumvuta juu. Nyama na *maktak*, yaani ngozi pamoja na mafuta yake, hugawanywa kwa taratibu za tangu mababu, na mjane na mgonjwa hupata fungu lao. Mwezi Juni hufanyika sherehe ya Nalukataq: mji mzima hulishwa, na vijana hurushwa hewani juu ya ngozi iliyoshikwa na watu wengi pande zote. Hakuna nyama inayouzwa siku hiyo. Unakaa, unapakuliwa.

Je, wajua kwamba wazee waliwasahihisha wanasayansi hesabu?

Mwaka 1977 Tume ya Kimataifa ya Nyangumi ilipiga marufuku uwindaji huu ikiamini wanyama hao wamekaribia kwisha. Makadirio ya wakati huo hayakuzidi elfu mbili hivi. Wainupiaq walisema hapana: mnahesabu wale mnaowaona kwenye maji wazi tu, wengine wanapita chini ya barafu na mbali na ufuko. Wakaunda tume yao ya manahodha wa uwindaji. Mzee Harry Brower, nahodha wa Barrow, aliwaeleza watafiti kwa subira jinsi nyangumi anavyosafiri na jinsi anavyoivunja barafu kwa kichwa ili apumue.

Watafiti wakateremsha vipaza sauti chini ya maji. Wakawasikia, pale pale wazee waliposema. Hesabu ikapanda, na sensa ya mwaka 2011 ilikadiria karibu nyangumi 17,000. Leo mwanafunzi wa biolojia katika mji huu anaweza kusomeshwa habari hii akijua kwamba mmoja wa walimu wake alikuwa babu wa jirani.

Je, wajua kwamba nyangumi mmoja alibeba silaha ya karne ya 19?

Mwaka 2007, nyangumi aliyewindwa karibu na Barrow alikutwa na kipande cha chuma kwenye mfupa wa bega. Kilikuwa kichwa cha mkuki wa baruti wa aina iliyosajiliwa Marekani mwaka 1879. Mnyama huyo alikuwa ameogelea na chuma hicho kwa zaidi ya karne moja. Wanasayansi wanaamini aina hii inaweza kuishi zaidi ya miaka 200.

Je, wajua kwamba uwanja wa shule ni wa buluu?

Mwaka 2006 mkurugenzi wa elimu wa wilaya, Trent Blankenship, alisumbuliwa na wingi wa wanafunzi walioacha shule. Akaanzisha timu ya futiboli ya Kimarekani, ile ya mpira wa umbo la yai. Wengi walishangaa: nyasi za kuchezea hazioti huko. Vijana walicheza juu ya udongo na changarawe, hatua chache kutoka Bahari ya Aktiki. Walikuwa Wainupiaq pamoja na watoto wa wahamiaji, wakiwemo wa kutoka visiwa vya Pasifiki. Msimu huo huo waliifunga timu ya shule ya mji wa Seward, na kwa furaha wachezaji na kocha wao wakajitosa baharini, kwenye maji ya barafu.

Mama mmoja wa Jacksonville, Florida, Cathy Parker, aliona habari zao kwenye televisheni. Hakuwajua, wala hakuwahi kufika huko. Alichangisha zaidi ya dola 500,000, na Agosti 2007 uwanja wa nyasi bandia za buluu, rangi ya shule, ukawa tayari. Kwa kuwa hakuna barabara, ndege ndiyo basi la timu. Na kwa kuwa dubu weupe hutembea ufukweni, wapo watu wazima wenye kazi ya kuangalia upande wa bahari watoto wakicheza. Mwaka 2017 Whalers walitwaa ubingwa wa jimbo katika daraja lao.

Je, wajua kwamba jina la mji lilirudi kwa kura sita?

Jina Barrow lilitokana na afisa wa Uingereza, Sir John Barrow. Oktoba 2016 wakazi walipiga kura: 381 walitaka jina la Kiinupiaq, 375 walikataa. Mji ukawa Utqiaġvik rasmi tangu tarehe 1 Desemba mwaka huo. Shule yenyewe iliendelea kuitwa Barrow High School, kwa hiyo mwanafunzi akitaja anakosoma na anakoishi, anataja historia zote mbili.

Je, wajua kilichosalia shule ilipoungua?

Februari 2020 moto uliteketeza Harold Kaveolook School, ile shule ya Kaktovik. Katika baridi kali, kijiji kilitazama jengo lake kubwa kuliko yote likigeuka majivu. Lakini Septemba 2022 shirika linaloweka viwango vya herufi katika kompyuta na simu za dunia nzima liliziingiza rasmi zile tarakimu 20 katika orodha yake. Zimo humo pamoja na herufi za Kiarabu, za Kichina na hizi tunazoandikia Kiswahili. Kazi ya watoto tisa ilikuwa imekwisha toka nje ya jengo siku nyingi.

Na jua? Hurudi mwishoni mwa Januari. Siku ya kwanza huchungulia juu ya upeo kwa muda wa saa moja hivi, kisha huzama tena. Huchomoza mchana, saa saba kupita. Kwa kipimo chetu cha Kiswahili, siku hiyo alfajiri na adhuhuri zimekutana. Wakati huo mwanafunzi wa Utqiaġvik yuko darasani, katika mji wake na karibu na kwao. Mama yake naye, nyumbani, anaweza kuliona jua lile lile.